Namna ya kuandika maisha ya mwanasoka mwanzilishi: tuanze na Kazi Salahuddin wa Bangladesh, tumalizie Ujiji

Maziko niliyohudhuria Ujiji baada ya masika yaliyopita ndiyo yaliyonifanya niandike mwongozo huu. Marehemu alikuwa mzee wa zaidi ya miaka sabini, na wasifu wake uliosomwa mbele ya waombolezaji ulikuwa na mistari minne tu: alizaliwa lini, aliajiriwa wapi, ameacha watoto na wajukuu wangapi, na mwishoni kwamba enzi za ujana wake alikuwa mpenzi wa michezo. Mzee mmoja aliyesimama mbele yangu alitikisa kichwa, akamwambia jirani yake kwa sauti ya chini, "Mpenzi wa michezo? Huyu ndiye aliyekuwa winga wetu wa kulia." Aliyekuwa na habari kamili hakuulizwa, na aliyeandika wasifu hakujua kwamba kuna wa kumwuliza.

Kwa hiyo nawaandikia vijana wa Kigoma mjini, Ujiji, Mwandiga na Kasulu, wenye simu na daftari, wanaotaka kuandika maisha ya mchezaji wa zamani kiasi cha kuaminiwa hata na msomaji wa Tabora ambaye hakumwona mchezaji huyo akigusa mpira. Ushauri wangu wa kwanza ni kwamba usianze na mzee wa mtaani kwako. Mzee wa mtaani kwako unampenda, au baba yako alikuwa shabiki wa timu pinzani, na kalamu ya mtu anayependa au anayechukia huandika upande mmoja kabla haijajifunza kazi. Anza na mgeni asiyekuhusu kwa Simba wala kwa Yanga, ambaye maisha yake yameandikwa vya kutosha kiasi kwamba unaweza kujipima. Mimi huwapa wanafunzi wangu Kazi Salahuddin, mshambuliaji wa Bangladesh.

Jina lake lenyewe ni somo la kwanza la uandishi. Msomaji wa Kiswahili akiliona neno Kazi atadhani ni kazi ya kushika jembe, kumbe ni neno lile lile tulilolipokea kutoka Kiarabu tukaliita kadhi, na huko Bengali limekuwa jina la ukoo. Mweleze msomaji wako jambo hilo mara moja, kwa sentensi moja, kisha endelea. Ukimtafuta kwenye intaneti utakuta jina la pili likiandikwa Salahuddin, Salauddin na Salah Uddin, basi tafuta kwa tahajia zote, tena uwe mwangalifu usimchanganye na Mohammad Salahuddin, ambaye ni kocha wa kriketi wa nchi hiyo hiyo. Hata kwetu wamo akina Juma na Ramadhani wengi waliocheza mwaka mmoja katika timu mbili tofauti, na nimeona mabao ya mtu mmoja yakiandikwa kwa jina la mwingine kwa sababu mwandishi hakuuliza jina la baba.

Neno "wa kwanza" lina masharti

Maisha ya mwanzilishi husimama juu ya neno "wa kwanza", na neno hilo ndilo linalobomoka haraka kuliko yote. Usiliandike mpaka uwe umejibu maswali matatu: wa kwanza kufanya nini, kutoka wapi, na kwa kipimo kipi. Salahuddin hakuwa Mbengali wa kwanza kucheza mpira, wala hakuwa nahodha wa kwanza wa timu ya taifa, kwa kuwa heshima hiyo ni ya beki Zakaria Pintoo. Hata bao la kwanza la Bangladesh si lake. Katika mechi ya kwanza ya timu ya taifa, iliyochezwa Malaysia mwezi Julai 1973 katika mashindano ya Merdeka na kumalizika kwa sare ya 2-2 dhidi ya Thailand, bao la kwanza lilifungwa na Enayetur Rahman, na Salahuddin akafunga lililofuata. Alichokuwa wa kwanza ni kitu kimoja mahususi: ndiye Mbangladeshi wa kwanza kucheza soka la kulipwa nje ya nchi yake, alipojiunga na klabu ya Caroline Hill ya Hong Kong katika msimu wa 1975/76, wakati Hong Kong ikiwa bado koloni la Uingereza na ligi yake ikilipa wachezaji mishahara.

Angalia jinsi sentensi hiyo inavyomwinua bila kumwongezea hata chembe. Ukiandika kwamba alikuwa "mchezaji wa kwanza mkubwa wa Bangladesh", umesema jambo ambalo kila shabiki wa mchezaji mwingine atalipinga. Ukiandika klabu, mji na msimu, mpinzani wako hana pa kushika. Ndivyo tunavyopaswa kumwandika Sunday Manara, ambaye ukoo wake asili yake ni Kigoma na ambaye mashabiki walimpachika jina la Kompyuta. Wapo wanaomaliza habari zake kwa kusema alikuwa fundi wa mpira. Mafundi wa mpira walikuwa wengi. Sema badala yake kwamba mwaka 1977 alijiunga na Heracles Almelo ya Uholanzi na kwamba ndiye anayetambuliwa kuwa Mtanzania wa kwanza kucheza soka la kulipwa Ulaya. Miaka inayowatenganisha mtu wa Dhaka, mji mkuu wa Bangladesh, na mtu wa Kigoma katika safari hiyo ni kama miwili tu, na mimi huona fahari kuwaweka katika ukurasa mmoja.

Chagua mwaka mmoja uuandike kwa kirefu

Makosa ya waandishi wengi wachanga ni kugawa maisha ya mtu kwa usawa, kila mwaka aya moja, kama mtu anayegawa mgao wa sukari. Maisha hayaendi hivyo. Kuna miaka inayopita bila habari, na kuna mwaka mmoja unaobeba mingine yote. Kwa Salahuddin mwaka huo ni 1971, na hapa nitakuonyesha namna ya kukaa mahali pamoja.

Mwezi Machi mwaka huo nchi yake, iliyokuwa ikiitwa Pakistan ya Mashariki, iliingia katika vita vya kujitenga na Pakistan ya Magharibi. Salahuddin alikuwa kijana ambaye hajafikisha miaka ishirini, aliyekwisha kuanza kufahamika katika ligi ya Dhaka. Alivuka mpaka kuingia India, na huko akajiunga na timu ya wachezaji wakimbizi iliyoitwa Shadhin Bangla, yaani Bengali Huru, iliyokuwa ikizunguka miji ya India kucheza mechi za kuchangia fedha za mapambano na kuitangaza nchi ambayo ilikuwa bado haijatambuliwa. Kwa kuwa jamaa zake walibaki Dhaka, na askari wangeweza kuwaadhibu kwa ajili yake, aliandikishwa kwa jina la bandia, Turjo Hazra. Jambo hilo liandike. Jina la kubuni kwenye orodha ya wachezaji humwambia msomaji hofu ilikuwa ya namna gani, kuliko aya nzima ya kusema kwamba vita ni vibaya.

Kisha ingia uwanjani. Mechi ya kwanza ya timu hiyo ilichezwa Krishnanagar, katika wilaya ya Nadia, mwezi Julai 1971, dhidi ya timu ya wilaya. Wachezaji wakashikilia kwamba hawatacheza mpaka bendera yao ipandishwe. Bendera hiyo haikuwa hii ya leo. Ilikuwa ya kijani yenye duara jekundu, na ndani ya duara palikuwa na ramani ya nchi kwa rangi ya manjano, ambayo iliondolewa baada ya vita. Serikali ya India ilikuwa haijaitambua Bangladesh, na haikuitambua mpaka tarehe 6 Desemba, kwa hiyo kuipandisha bendera ile mbele ya umma lilikuwa jambo zito. Hata hivyo mkuu wa wilaya aliruhusu. Bendera ikapanda, wachezaji wakazunguka nayo uwanjani, mechi ikaisha 2-2. Baadaye yule mkuu wa wilaya alisimamishwa kazi, na chama cha soka cha Nadia kikavuliwa uanachama wake. Timu iliyofuata kucheza nao, Mohun Bagan ya Calcutta, iliogopa adhabu kama hiyo, ikaingia uwanjani kwa jina jingine, Gostha Pal XI, ikashinda 4-2.

Katika kisa hicho bao alilofunga fulani au fulani halina uzito mkubwa. Uzito uko kwenye mlingoti. Ndiyo sababu nakwambia utafute katika maisha ya mchezaji wako ile siku ambayo mpira ulikuwa zaidi ya mpira, kisha umweleze msomaji nani alikuwapo, kipi kilikatazwa, nani aliruhusu, na ruhusa ile ilimgharimu nini. Na bado umtendee haki kila mtu: nahodha siku ile alikuwa Zakaria Pintoo, si Salahuddin, na mwandishi anayemhamishia mhusika wake bendera aliyoishika mwingine ameiba.

Baada ya hapo unaweza kwenda kwa kasi. Mwaka 1972 iliundwa klabu ya Abahani mjini Dhaka, na Salahuddin akawa nguzo yake mpaka alipotundika daluga mwaka 1984. Kwa msomaji wa Tanzania inatosha kusema kwamba Abahani na Mohammedan zilikuwa zikiigawa Dhaka kama Simba na Yanga zinavyotugawa sisi, na kwamba kabla ya vita aliwahi kuivaa jezi ya Mohammedan. Mashabiki wa Kariakoo watajua bila kufafanuliwa maana ya kuvaa jezi zote mbili.

Sehemu chungu ziandikwe

Tarehe 21 Septemba 1982 mechi ya Abahani na Mohammedan ilivunjika kwa vurugu. Nchi ilikuwa chini ya utawala wa kijeshi wa Jenerali Ershad, aliyechukua madaraka mwezi Machi mwaka huo, na wachezaji wanne wa Abahani walikamatwa na kupelekwa gerezani, Salahuddin akiwa mmoja wao pamoja na Ashraf Uddin Chunnu, Golam Rabbani Helal na Kazi Anwar. Wabangladeshi huuita mwezi ule Septemba Nyeusi. Jambo la namna hii familia huweza kukuomba uliache. Mimi husema liandikwe kwa utulivu, pamoja na mazingira yake, kwa kuwa msomaji akilikuta kwingine na kwako halimo, hatakuamini tena hata ulipoandika kweli.

Pagumu zaidi ni pale mhusika anapokuwa kiongozi. Salahuddin alichaguliwa kuwa rais wa shirikisho la soka la Bangladesh mwezi Aprili 2008 na akabaki hapo mpaka Oktoba 2024. Katika kipindi hicho timu ya wanaume ilifungwa 3-1 na Bhutan mwezi Oktoba 2016, na mwaka 2018 ikaanguka mpaka nafasi ya 197 katika orodha ya FIFA. Mwezi Aprili 2023 FIFA ilimfungia miaka miwili katibu mkuu wa shirikisho lake. Katika kipindi hicho hicho timu ya wanawake, ikiongozwa na nahodha Sabina Khatun, ilitwaa ubingwa wa Asia ya Kusini mwezi Septemba 2022 kwa kuifunga Nepal 3-1 mjini Kathmandu, na walipotua Dhaka wasichana wale walipitishwa mitaani juu ya basi la wazi. Mashabiki waliomwimba akiwa mchezaji ndio waliokuja kumtaka ajiuzulu akiwa rais. Usijaribu kuyapatanisha hayo. Yaweke yote mezani kwa tarehe zake, na usimpunguzie Salahuddin wa 1971 sifa yake kwa makosa ya ofisi ya 2018, wala usimfichie rais makosa kwa sababu ya bendera ya Krishnanagar.

Sasa nenda kwa mzee wako

Ukishafanya zoezi hilo, uwe umepata kurasa tano au sita ambazo hata mtu wa Dhaka angezisoma bila kukasirika, nenda Ujiji. Utaanza upya kabisa, kwa sababu maisha ya mzee wako hayako kwenye intaneti; yako kifuani mwake, kwenye picha mbili au tatu, na kwenye vichwa vya watu ambao idadi yao inapungua kila mwaka.

Usiende mikono mitupu, na usiende karibu na saa ya swala. Kilo moja ya sukari inatosha. Toa shikamoo, kaa utakapoelekezwa, kisha eleza waziwazi unachotaka kufanya na uombe idhini ya kurekodi kabla ya kuitoa simu mfukoni. Ziara ya kwanza usiulize mambo ya mpira zaidi ya maswali mawili. Mzee aliyeachwa na wageni miaka thelathini hawezi kukumbuka kwa kuamrishwa, ila ukimpa siku tatu za kuwaza, utamkuta amekwisha kumwagiza mjukuu alete sanduku.

Maswali yako yawe ya vitu. Ukimwuliza, "Babu, ulikuwa mchezaji mzuri?" atakujibu kwa unyenyekevu au kwa majigambo, na majibu yote mawili hayana faida. Mwulize daluga zake za kwanza alizipata kwa nani, na kabla ya hapo alikuwa akicheza chandimu kwa mpira wa nini. Mwulize nani aliyefua jezi, kwa maana hapo ndipo utakapopelekwa kwa dada yake au mke wake, na nimekuta mara nyingi kina mama wanakumbuka mwaka kwa usahihi kuliko waliocheza. Mwulize walipokwenda Tabora kwa treni walilala wapi, walikula nini njiani, na nani alibaki stesheni kwa kukosa nauli.

Miaka ndiyo itakayokusumbua. Wazee wetu hawakuishi kwa kuangalia kalenda, na akikwambia "ilikuwa sabini na ngapi sijui", usimkazanie namba. Mpe matukio ya kuegemea: ilikuwa kabla ya Azimio la Arusha la 1967 au baada yake? Watu walikuwa wamekwisha kuhamishiwa vijijini, katika ile operesheni ya 1974? Vita vya Kagera vya 1978 na 1979 vilikuwa vimeanza? Taifa Stars ilikuwa imekwisha kwenda Nigeria kwa Kombe la Mataifa ya Afrika la 1980? Sokoine alikuwa hai, au ilikuwa baada ya Aprili 1984? Kwa maswali matano ya namna hiyo nimeweza kubana mechi moja iliyosahaulika mpaka ikabaki miezi minane tu ya kutafuta kwenye magazeti ya zamani.

Picha nayo ina namna yake ya kusomwa. Mzee mmoja wa Ujiji alinipa picha ya timu, ndogo kama kiganja, kona moja imeliwa na mchwa. Mbele yake walionekana vijana kumi na mmoja, waliochuchumaa na waliosimama, na mmoja wao peku. Niliigeuza. Nyuma palikuwa na majina tisa yaliyoandikwa kwa penseli, mwandiko wa mtu mwenye haraka, na majina mawili ya mwisho yalikuwa yamekwenda na kona iliyoliwa. "Huyu wa peku, mwanangu," alisema akiweka ukucha juu ya kifua cha yule kijana, "si kwamba hakuwa na daluga. Alikuwa nazo. Alimwazima golikipa, kwa sababu golikipa ndiye aliyekuwa ameumia kidole." Maelezo hayo nisingeyapata kwa kuangalia picha peke yangu, ningeandika kwamba timu ilikuwa maskini, na ningekuwa nimewadhulumu wote wawili. Kwa hiyo piga picha za mbele na nyuma, karibu na dirisha, bila kuwasha taa ya simu, kisha mrudishie mwenyewe hapo hapo. Usiondoke na picha halisi hata ukiruhusiwa. Familia moja ninayoifahamu iliazima albamu yake kwa mwandishi aliyeahidi kurudi baada ya wiki moja, na mpaka leo hajarudi.

Daftari lako lipige mistari liwe na safu tatu: tukio, nani amelisema, na kama alikuwapo au alisimuliwa. Safu ya tatu ndiyo muhimu kuliko zote. Mtu aliyekuwapo akikosea, hukosea kwa sababu amesahau, na aliyesimuliwa hukosea kwa sababu hadithi imenoga. Tukio ambalo wote wanalisema vizuri sana na hakuna hata mmoja aliyekuwapo, liweke kando mpaka umpate aliyekuwapo au gazeti la siku ile.

Unapoanza kuandika, anza na mlingoti wako, ile siku uliyoichagua, kisha rudi nyuma kwenye kuzaliwa. Neno "gwiji" litumie mara moja au usilitumie kabisa. Mpe msomaji jina la uwanja, matokeo, jina la mpinzani, na chakula walichokula kwenye treni, naye atamwita gwiji mwenyewe. Ukitaja uwanja wa Lake Tanganyika, mweleze kijana wa leo, anayeujua uwanja huo kwa mechi za Mashujaa na kwa fainali ya Simba na Yanga ya Julai 2021, kwamba watu wa hapa walikuwa na mpira wao na majina yao muda mrefu kabla ya kamera za televisheni kufika mjini kwetu.

Ukimaliza, usichapishe. Rudi kwa mzee na umsomee kwa sauti, kutoka mwanzo hadi mwisho, hata kama itachukua jioni mbili, na mbele ya watu wa umri wake ikiwezekana, kwa sababu watapingana, na katika kupingana huko utapata yale ambayo hukuyauliza. Sahihisha mbele yao kwa kalamu. Toa nakala tatu, moja ya familia, moja ya maktaba ya mkoa, moja ya kwako, na chini ya picha ya timu acha mistari miwili mitupu. Mzee yule wa picha iliyoliwa na mchwa alinipigia simu wiki tano baadaye, saa tatu usiku, kunitajia mojawapo ya yale majina mawili.